Kupumzika kwa Zamu

Alikuwa akisimama nusu hatua nyuma ya msemaji, upande wa kushoto, mikono mgongoni, macho chini. Hakutaka kusimama sambamba na mtu anayemtafsiria. Alisema watu wakiona wawili wamesimama pamoja wanaanza kuchagua wa kumtazama, na wakishachagua hawasikii tena. Sisi tulimwita Mkalimani, wakubwa kwa watoto. Wengi waliokaa naye kambini miaka na miaka hawakuwahi kulijua jina lake la ubatizo, na mimi nililijua nimeshakuwa mtu mzima.

Kazi iliyomleta pale ilikuwa ya kiwandani, kulisha boila kuni. Kwa ukalimani hakuajiriwa na mtu. Ila kambi yetu ya wachuma chai, kusini ya Kericho, ilikuwa na Wakipsigis, Wakisii, Waluo, Waluhya, na Wakikuyu wachache wenye maduka pale barabarani, na mtu anayeweza kubeba neno kutoka lugha moja hadi nyingine bila kulimwaga njiani haachwi akae. Akitoka zamu ya boila, majivu bado yako kwenye nyusi, anakuta mtu amemkalia mlangoni. Kuna mgeni ofisini. Kuna mgonjwa zahanati. Kuna mzozo wa maji bombani kati ya mama wa Kisii na mama wa Kipsigis, na kila mmoja anaamini ametukanwa.

Mama yangu alimtegemea kuliko wengi. Kiswahili cha Mama kilikuwa cha kazi: kilo, kikapu, nyapara, mvua, kesho. Kikizidi hapo anakaa kimya na kutabasamu, na mimi tangu nikiwa mdogo nilijua tabasamu lile maana yake ni kwamba amepotea. Kanisani alikaa benchi la mbele si kwa sababu ya utakatifu bali kwa sababu ya Mkalimani. Alitaka kumsikia vizuri.

Mkalimani hakuwahi kupandisha sauti. Kuna mhubiri alikuja kutoka Nakuru, mtu mnene mwenye kitambaa cha jasho, aliyekuwa akiruka na kupiga kelele mpaka mabati yanaitikia. Mkalimani nyuma yake aliongea kama mtu anayemwelekeza mgeni njia. Mhubiri akavumilia, akavumilia, mwisho akageuka mbele ya kanisa zima.

"Ndugu yangu, mbona unanizimia moto?"

"Moto wameuona, mchungaji," Mkalimani akamjibu. "Mimi nawapelekea kuni."

Watu walicheka mpaka mahubiri yakapoteza njia. Yeye hakucheka. Alisubiri sentensi inayofuata.

Kitu kingine: alirefusha. Afisa wa kilimo alisimama siku moja akasema wakulima wajiandae kwa mabadiliko ya tabianchi. Maneno machache. Mkalimani akanyamaza muda mrefu, halafu akaanza kwa Kikipsigis: akawakumbusha mvua ya mawe iliyochana majani mpaka chai ikabaki vijiti, akawakumbusha Januari iliyonyesha wakati mahindi yanakaushwa, akawauliza wazee kama wanaweza tena kuangalia mawingu upande wa Londiani na kusema kesho itakuwaje. Wazee wakatikisa vichwa kwamba hawawezi. Afisa akaangalia saa.

"Mzee, mimi nimesema sentensi moja tu."

"Ndiyo," akasema, "lakini ilikuwa haijafika."

Zahanati alikuwa mtu mwingine. Huko hakurefusha wala kufupisha. Alikuwa akigeukia ukuta ili mgonjwa aongee na daktari kana kwamba yeye hayupo, na sauti yake inatoka tu ukutani. Na ukishatoka naye zahanati, siku hiyo hakusalimii. Mkipishana kwenye njia ya chai anaangalia kando. Mama alinieleza: hataki uone usoni mwake kwamba amebeba siri yako. Kesho yake anakusalimia kama kawaida.

Nyumbani alikuwa kimya kabisa. Mke wake, mama mcheshi aliyeuza maziwa ya mgando kambini, alituambia, "Huyu akifika hapa ni redio imekwisha betri." Ukimuuliza anataka ugali au wali anaonyesha kwa kidevu. Na mtu huyu aliyetusomea vikaratasi vyote vya serikali, vya chanjo, vya mbolea mpya, vya mbegu mpya, kwake mwenyewe hakubadilisha kitu. Watoto wake walimletea jiko la gesi akalifunika kwa gunia. Alisema hajamaliza kuzoea makaa.

Tulimsifu sana kwa jambo moja. Hakuwahi kumkatiza msemaji. Hakuwahi kugeuka akauliza, "Umesemaje?" Wakalimani wengine niliowaona baadaye wanauliza kila mara, na kikao kinayumba. Yeye alinyamaza kidogo, kisha akaendelea, na sisi tuliona kunyamaza kule ni hekima. Wazee walisema hakuna neno lililo geni kwake.

Mashine zilianza kusikika kabla ya kuonekana. Walioenda kutembelea ndugu katika mashamba mengine walirudi na habari: wanaume wawili wanashika kitu kama kitanda, wanakipitisha juu ya chai, kinanguruma, na nyuma yao mstari mzima umenyolewa. Kazi ya wanawake wengi, kabla ya saa nne asubuhi. Kambini watu waliipokea habari hiyo kila mmoja kwa njia yake. Kuna walioomba. Kuna waliosema ni uongo wa vijana. Mama na wenzake walikuwa na hoja yao na waliirudia kila asubuhi wakifunga kanga za plastiki kiunoni: mashine haina macho. Itakata jani bovu pamoja na jani zuri, itakata na kijiti, chai itakuwa mbaya, wanunuzi watalalamika, na kampuni itarudi kwa mikono yetu ikiomba msamaha. Mama alikuwa na uhakika wa jambo hilo kuliko nilivyowahi kumwona na uhakika wa jambo lingine.

Mkutano uliitishwa kwenye uwanja wa mpira karibu na banda la kupimia majani. Mimi sikuwepo, nilikuwa kidato cha tatu, bweni, Londiani. Nilisimuliwa na watu wengi mpaka naona kama nilikuwepo. Mvua ya mawe ilikuwa imetoka kupiga na nyasi zilikuwa nyeupe bado. Mama mmoja wa makao makuu, mwenye gambuti mpya, aliongea Kiingereza. Mkalimani nusu hatua nyuma yake, kushoto. Alitoa kwa Kiswahili kwanza, halafu kwa Kikipsigis kwa ajili ya wazee na akina Mama.

Alisema hivi: mashine zimekuja, na kampuni inawashukuru. Wachumaji wa kambi hii mtapumzika kwa zamu. Na yule anayetaka kazi nyingine, aandike jina ofisini ndani ya wiki mbili.

Watu walipiga makofi. Kupumzika kwa zamu! Wenye migongo mibovu walikumbatiana. Jambo la kuandika majina liliwatisha kidogo, maana nani ataenda ofisini kusema anataka kazi nyingine, aonekane hatosheki na hii? Nasikia wiki ile ya kwanza walioandika hawakufika kumi. Nyapara walielewa Kiingereza kile. Walikuwa wamesimama pale pale, na hakuna aliyefungua mdomo.

Mama alichukua zamu yake mapema. Siku ya tatu alienda Chebunyo kwa dada yake, na nguo mbili na kibuyu cha maziwa ya mursik, akamsaidie kupalilia mpaka aitwe. Alikaa karibu wiki tatu. Hakuna aliyemwita, akaamua kurudi mwenyewe. Akakuta vitu vyetu vimepangwa chumbani kwa jirani, na mlango wetu una kufuli mpya.

Ofisini karani alimwambia nafasi za kitalu cha miche na za kiwandani zimeshajaa. Walioandika majina ndio waliopewa.

"Lakini mama, si mlitangaziwa?"

"Tulitangaziwa," Mama akasema, akatabasamu lile tabasamu lake.

Hapo ndipo tulipojua kwamba Mkalimani alikuwa ameshaanza kupita mlango kwa mlango, watu wakiwa wamebakiwa na siku chache tu za kuandika majina, na wengine kama Mama hawapo. Alimfikia Mama kwa jirani. Mimi nilikuwa nimekuja likizo. Alisimama mlangoni, kofia mkononi.

"Nimekuja kusema nilisema vibaya," akamwambia. "Haikuwa kupumzika. Ilikuwa kuachishwa."

"Ingia ukae, unywe chai," Mama akasema.

Hakuingia. Akaenda mlango mwingine. Nilimwona mgongo. Nilikuwa na miaka kumi na saba na nilimchukia kwa moyo wote.

Kambi ilijitafutia maelezo. Wachache walisema amenunuliwa na kampuni ili watu wasilete fujo. Wengi walisema hapana, ni huruma. Aliona nyuso za wale akina mama akashindwa kuwapiga kwa neno lile, akalifunga kwa kitambaa. Maelezo haya ya pili ndiyo yaliyoshika, hata kanisani yaliombewa. Mkalimani hakuthibitisha wala kukanusha. Jumapili iliyofuata alikaa benchi la nyuma. Kijana mmoja akachukua nafasi yake mbele, mwepesi, mchangamfu, anaruka pamoja na mhubiri. Watu walimpenda. Mama hakumwelewa.

Tulihamia upande wa Bomet, kwa babu, ambako kuna mistari michache ya chai na ng'ombe mmoja. Mama aliendelea kuchuma kwa mkono na kupeleka majani kituo cha kununulia. Miaka ilivyopita aliacha kusema mashine haina macho. Siku moja nilikuja nyumbani nikamkuta ana makasi ya kuchumia, yale yenye kikapu, aliyoazima kwa shemeji. "Mkono umechoka," akaniambia, kana kwamba nimemshtaki.

Nilimwona Mkalimani mara moja katika miaka ile, wakati wa ugonjwa uliofunga shule na makanisa. Nilikuwa mwanafunzi wa uuguzi, nikapangwa kufuatana na afisa wa afya, na gari likatupeleka kambini kwetu. Yule kijana mkalimani alikuwa amekwenda Nairobi. Afisa akamwomba mzee, na mzee akakataa, halafu akakubali kwa sharti: afisa aseme jambo moja moja, na kila jambo yeye ataliuliza.

"Hii ya kunawa mikono, mna hakika nayo?"

"Tuna hakika."

"Hii ya barakoa?"

Afisa akasita. "Kwa sasa ndiyo tunavyoshauri."

"Kwa hivyo bado mnatafuta."

"Bado tunatafuta, mzee."

Akawageukia watu waliosimama mbalimbali kwenye ule uwanja wa mpira, akawaambia hivyo: hili wanalijua, hili bado wanalitafuta, na wiki ijayo wanaweza kuja na lingine. Watu walikasirika. Mama mmoja akapaza sauti, "Daktari asiyejua, amekuja kufanya nini hapa?" Afisa naye hakufurahi, njiani alinung'unika kwamba mzee ameharibu ujumbe. Lakini tuliporudi wiki zilizofuata na maagizo tofauti, katika kila kambi tulizomewa isipokuwa ile. Pale walisema tu, "Haya, mmepata lingine?" kwa uchovu, wakasikiliza.

Sikumsalimia siku ile. Alijua mimi ni nani. Aliangalia kando, kama zamani tukitoka zahanati.

Mwaka jana nilihamishiwa kituo cha afya karibu na Mulot. Ni nchi nyingine kule: vumbi, ngano, ng'ombe wengi, malori yanayopita kwenda Narok bila kupunguza mwendo. Wiki ya kwanza nilisikia mgonjwa akimtaja mzee mmoja wa lugha nyingi aliyestaafu kutoka kwenye chai, anakaa kwa binti yake mwenye duka la dawa za mifugo. Nilizunguka siku tano kabla ya kwenda. Jumamosi mchana nikaenda.

Alikuwa ameketi kwenye kreti la soda mbele ya duka, amevaa koti zito kwenye jua. Mwili ulikuwa umepungua na macho yamefifia, lakini masikio yalikuwa mazima.

"Chamgei, kugo," nikamsalimia, kama mjukuu anavyomsalimia babu.

"Chamgei mising. Wewe ni wa nani?"

"Mimi ni mtoto wa yule mama wa benchi la mbele."

Akaniangalia. "Yuko?"

"Yuko."

"Goti lilipona?"

Nilikuwa nimesahau goti la Mama la wakati ule. "Lilipona," nikasema. Binti yake akanipa kiti na kikombe cha maziwa, akarudi kwa wateja wake.

Maneno niliyokuwa nimeyapanga kwa miaka yalikuwa mengi. Yalipofika mdomoni yakawa machache.

"Kugo, kwa nini siku ile ulisema kupumzika?"

Akanyamaza kwa namna yake ya zamani. Lori likapita, vumbi likatua.

"Watu walikuambia nini?"

"Wengine wanasema ulinunuliwa. Wengine wanasema ulituhurumia."

"Na wewe?"

"Mimi nimesema yote mawili. Inategemea siku."

Mabega yake yakatikisika kidogo, nadhani alikuwa anacheka. Kisha akasema, akiangalia barabara, "Yule mama wa makao makuu alisema *fezi auti*. Fezi mimi niliijua. Ule mradi wa maji pale kambini ulikuwa na fezi wani, fezi tuu. Ni awamu. Auti ni kutoka. Nikaunganisha: mtatoka kwa awamu. Sasa mtu akitoka kwa awamu, si ni zamu? Na mtu wa zamu, si anarudi? Nikasema hivyo. Na nilifurahi, mtoto wangu. Nilikuwa nimengoja habari mbaya, nikaona imekuwa nzuri."

*Phase out*: kuondoa kitu hatua kwa hatua mpaka kiishe.

"Sikuelewa," akasema tena, polepole, kama mtu anayemtafsiria mgeni. "Hakuna huruma. Hakuna kununuliwa. Neno moja tu lingetosha pale. *Mangen*. Sijui. Nimgeukie yule mama nimwambie, sijui, rudia. Lakini watu wote wale walikuwa wananiangalia, na hawajawahi kunisikia nikisema hivyo."

"Ulijua lini?"

"Siku ile ile. Injinia wa kiwanda aliniuliza, wameipokeaje? Nikamwambia wamepiga makofi. Akaacha kuandika, akaniangalia. Ndipo akanieleza."

Nikahesabu. "Siku ile ile? Na ulianza kupita milangoni lini?"

"Siku ya tisa." Hakujitetea. "Nilikuwa natafuta namna ya kuwaambia bila kuwaambia kwamba sikuelewa. Siku nane natafuta. Mama yako nilimwona bombani, siku ya tatu, anaosha kibuyu. Akaniambia anaenda Chebunyo kwa zamu yake. Alikuwa na furaha. Nikamwambia asalimie watu wa huko."

Kikombe kilikuwa kimepoa mkononi mwangu. Ndani ya duka mteja alikuwa anauliza dawa ya kupe, binti anamweleza namna ya kuichanganya na maji.

"Hii huruma, watu ndio walinipa," akasema. "Nikaichukua. Sikuwa na kitu ingine."

Nilipoinuka aliniuliza kama nitamwambia mama yangu. Nikamuuliza kama anataka nimwambie. Akafikiri.

"Mwambie vile nimesema. Usiniongezee."

Nilienda nyumbani mwisho wa mwezi. Mama alikuwa kwenye chai, mstari wa chini, na makasi yake. Nilimwambia nikiwa nimesimama kati ya mistari, yote, kuanzia fezi hadi siku ya tisa, na bombani pia. Ilikuwa kazi ngumu kuliko nilivyodhani. Kila nilipofika mahali panapouma nilitaka kuweka neno langu hapo, lililo laini au lililo kali, na nilijizuia.

Alisikiliza bila kuinua kichwa. Nilipomaliza aliweka makasi juu ya chai.

"Hapo bombani nakumbuka," akasema. "Aliniambia niwasalimie. Niliwapa salamu zake."

"Mama."

"Hakuelewa?"

"Hakuelewa."

Akafuta mikono kwenye plastiki ya kiunoni, akaangalia mstari uliobaki. "Na mimi siku ile sikuelewa vizuri," akasema. "Niliona kama kuna kitu hakijakaa. Nikaangalia huku, nikaangalia huku, kila mtu anapiga makofi. Nikajua ni mimi tu. Nikapiga."

Akachukua makasi.

"Kumbe tulikuwa wengi," akasema, akaendelea kukata.